Miaka Tisa ya Kuchora Wafalme

Nimeacha kazi ya kuchora nikiwa na miaka ishirini na sita. Mtu wa umri huu akisema amestaafu watu hucheka, na mama yangu pale Izigo amecheka kuliko wote. Lakini daktari amesema kifua changu na tina ya kuzimulia rangi havipatani tena, na katika hivyo viwili kifua ndicho ninachokihitaji zaidi. Kwa hiyo nimewakabidhi brashi Jovina na Karim, ambao wamekuwa nami karakana miaka miwili hii ya mwisho. Wakaniambia, "Kaka Evodi, ulikuwa husemi kazini. Basi andika." Naandika. Mnivumilie, niliishia darasa la saba, na ukurasa mmoja hunichukua siku nzima nikitoka shambani.

Nilifika karakana ya mabango ya Ta Novatus, Ta kwetu ni mzee, pale Bakoba mjini Bukoba, nikiwa na miaka kumi na saba. Mama ndiye aliyenileta. Alisalimia, akaeleza kwamba naweza kuchora ng'ombe mpaka jirani akamdai, kisha akaniambia nijieleze mwenyewe. Mimi nilikuwa nimesimama nyuma ya ngazi. Ta Novatus aliniangalia kupitia katikati ya vidato.

"Huyu anaongea?" aliuliza.

"Akiwa na wadogo zake anaongea," mama alisema.

"Hapa hakuna wadogo zake."

"Ndiyo, waitu," mama alijibu kwa heshima. "Lakini hatakusumbua."

Ta Novatus alisema mtu asiyesumbua ni wa lazima katika kila karakana, akanipa mkebe wenye brashi kumi na moja zilizokauka rangi ya bluu. Kazi yangu ya siku ya kwanza ilikuwa kuzirudisha ziwe laini. Nilirudisha tisa. Mbili tulizitumia baadaye kupaka gundi.

Wiki ya kwanza nzima nilichora herufi O. Fundi wa mabango anajulikana kwa O yake, Ta Novatus alisema, kwa sababu mstari ulionyooka hata rula inauchora. Nilichora O kwenye mabati, kwenye mbao, kwenye mifuko ya sandarusi. Hapo ndipo nilipogundua kwamba kuandika polepole si ugonjwa. Shuleni walimu walinipigia kelele kwa sababu wenzangu walikuwa wamemaliza sentensi nami bado niko kwenye neno la pili. Karakana mteja wa bucha hajali umetumia muda gani kuandika NYAMA, mradi asubuhi ifike ikiwa imeandikwa.

Vifaa vyetu mnavijua, lakini nivitaje kama nilivyofundishwa. Uzi uliopakwa chaki, unavutwa na watu wawili na kuachiwa, unaacha mstari ulionyooka kwenye ukuta wowote. Mkaa wa kuchorea, wa mti laini, usiwe wa mkaratusi kwa sababu unakwaruza. Msasa. Tambara la pamba, kamwe si la nailoni. Na miraba. Ukipewa picha ndogo kwenye kitabu, unaipigia miraba midogo kwa penseli, kisha ukutani unapiga miraba mikubwa idadi ileile, na unahamisha mraba mmoja mmoja. Kwa njia hiyo mtu anaweza kuchora kitu asichokijua kabisa. Nimechora moyo wa binadamu, injini ya lori na ramani ya Asia bila kujua hata kimoja kinafanyaje kazi. Miraba ilijua.

Mwaka wa tatu Ta Novatus aliacha kupanda ngazi kwa sababu ya goti. Akanipa kazi ya kwanza ya peke yangu. Ilikuwa ukuta wa chumba cha historia katika shule moja ya sekondari upande wa Muleba. Jina la shule naliacha, kwa sababu kosa nitakalolieleza ni langu.

Mwalimu wa historia aliitwa Adventina, mtu wa Kagondo, mwembamba, anayeongea huku akitembea. Wanafunzi wake wa kidato cha pili walikuwa wakifeli somo lake, na yeye aliamini wanafeli kwa sababu hawaoni anachokisema. Alimwomba mkuu wa shule chumba kimoja kilichokuwa wazi, kichorwe picha, kila darasa liingie humo kwa somo la historia. Mkuu alikuwa mtu mwema mwenye mahindi mengi na stoo ndogo. Alimkubalia kwa sharti moja. Mtihani wa majaribio wa wilaya ukija, kidato cha pili wakifanya vizuri, chumba ni chake. Wakifeli, chumba kinakuwa stoo ya mahindi na maharage ya wanafunzi.

"Kwa hiyo, Evodi," Mwalimu aliniambia siku ya kwanza, "ukuta huu ndio utakaonitetea. Umenielewa?"

Niliitikia kwa kichwa.

Mada yenyewe ilikuwa ukabaila wa Ulaya ya zamani na jinsi wafalme walivyopata nguvu. Mwalimu alinieleza mchana mzima, akienda na kurudi kati ya dirisha na mlango. Alisema, fikiria mtu ana ardhi kubwa kuliko anavyoweza kuilinda. Anawagawia wenzake wenye nguvu, kwa sharti kwamba vita ikija watakuja na askari wao. Nao wanawagawia walio chini yao kwa sharti hilohilo. Unashuka hivyo mpaka unamfikia mtwana, ambaye hana wa kumgawia. Yeye analima shamba la bwana siku za bwana, analima la kwake siku zilizobaki, na haruhusiwi kuhama.

"Na mfalme je?" alijiuliza mwenyewe, kwa sababu mimi sikuuliza. "Mfalme mwanzoni alikuwa na taji, basi. Kulikuwa na makabaila wenye ardhi na askari kumzidi. Akiwaita, wengine wanakuja, wengine wanasema wana wageni. Ilichukua vizazi na vizazi. Akaanza kupata kodi ya miji. Akaajiri askari wake mwenyewe wa mshahara. Akaweka mahakimu wake, ili aliyeonewa na kabaila awe na pa kwenda kushtaki. Mwisho ikaja mizinga, na ngome za makabaila zikawa kuta tu."

Alinipa kurasa tano zilizotolewa fotokopi kutoka kitabu cha zamani. Tukakubaliana picha tano, kutoka mlangoni hadi kona ya mwisho. Ya kwanza mfalme kati ya makabaila wake. Ya pili kiapo, yaani mtu anapopiga magoti na kuwa mtu wa bwana wake. Ya tatu watwana shambani. Ya nne mfalme na mahakimu na askari wake. Ya tano mfalme mwenye nguvu zote, na makabaila wakisubiri mlangoni pake.

Nilifanya kazi hiyo wiki tatu na sikuwahi kufurahi hivyo. Chumba kilikuwa na madirisha mawili yanayotazama mibuni, na mchana kulikuwa kimya. Wazo moja lilikuwa langu mwenyewe, na hadi leo najivunia. Katika picha ya kwanza nilimchora mfalme sawasawa na makabaila kwa kimo, taji tu ndilo la kumtambulisha. Katika ya nne nilimwongezea kichwa na shingo juu yao. Katika ya tano taji lake liligusa dari. Hakuna aliyeniambia. Nilifikiri tu kwamba mtoto asiyesikia maelezo ataona mtu anayekua.

Matatizo yalikuwepo. Rangi ya ngozi ya Wazungu ilinishinda mara tatu, na wafalme wa kwanza walitoka na rangi ya ndizi iliyomenywa ikasahaulika juani. Tena farasi. Bukoba hakuna farasi, na fotokopi ilionyesha nusu ya juu tu. Miguu niliitoa kichwani. Ta Novatus alipokuja kukagua, akiegemea fimbo yake, alisimama mbele ya farasi kwa muda mrefu.

"Evodi. Huyu anatoa maziwa?"

Nikamwangalia.

"Kwato zake zimepasuka katikati. Umemchora ng'ombe, ukamwekea mtu mwenye upanga mgongoni."

Nilirekebisha. Kisha akafika kwa mfalme wa tano, akamtazama, akajigusa pua.

"Na huyu pua hii ameitoa wapi?"

Wakati wa kuchora uso nilihitaji mtu mkubwa mwenye amri, na sikumjua mwingine.

"Basi mwongezee nywele," alisema. "Kama mimi ni mfalme, nisiwe na upara."

Alikagua picha zote tano, na ya pili pia, na hakusema kitu juu yake. Mwalimu Adventina aliipita kila siku. Mkuu wa shule aliipita. Hakuna aliyeona.

Sasa niwaambie kosa. Fotokopi ya kiapo ilionyesha bwana amekaa na mtu amepiga magoti mbele yake, mikono yote minne imekutana katikati. Pale mikono ilipokutana mashine ilikuwa imeacha doa jeusi. Miraba yangu ilihamisha kila kitu, lakini doa haliwezi kuhamishwa, lazima lichorwe kitu. Mwalimu alikuwa chumba cha pili kutoka hapo, hatua ishirini. Ningeweza kwenda kuuliza. Nilifika hadi mlangoni kwake nikasikia anafundisha, nikarudi. Siku iliyofuata pia nilifika, akawa anacheka na walimu wenzake, nikaona haya nikarudi. Siku ya tatu sikwenda. Nilijiambia kwamba mtu hawezi kupiga magoti na kunyoosha mikono miwili kwa mkubwa bila kupewa kitu. Na kitu kinachotolewa kwa mikono miwili, kati ya watu wanaokubaliana, kwetu kila mtu anakijua. Nikachora akaibo, kile kikapu kidogo cha ukili, ndani yake kahawa ya kutafuna. Nilikichora vizuri sana. Kila punje ilionekana.

Mtihani wa majaribio ulikuja, na swali moja lilihusu kiapo cha kabaila kwa bwana wake. Darasa karibu zima liliandika kwamba bwana alimpa mtu wake kikapu cha kahawa, wakatafuna wote wawili, na hapo kiapo kikakamilika. Mmoja aliongeza kwamba kahawa hiyo ilikuwa ya robusta. Msahihishaji alikuwa mwalimu aliyehamia kutoka mkoa mwingine. Mtu wa hapa, nadhani, angeweka alama ya vema na kuendelea. Yeye aliandika kwa kalamu nyekundu kwenye karatasi ya kwanza, "Kahawa imetoka wapi?" Kwenye karatasi ya kumi hakuandika tena swali, alipiga mstari tu.

Simu ilinikuta karakana. Mwalimu Adventina hakukasirika, na hilo lilikuwa baya zaidi.

"Nimekipita kikapu kile wiki ngapi, Evodi? Nyumbani kwetu kiko mezani kila siku. Macho yangu yalikizoea kabla hujakichora. Mkuu ameamua. Mahindi yanakuja Jumatatu. Jumamosi njoo na rangi nyeupe, ukuta wote upakwe."

Nilipomweleza Ta Novatus, doa na yote, alinipa ndoo ya rangi nyeupe na roller mpya. Nilipotoka mlangoni tu ndipo aliposema, "Kwenye doa ungeniuliza hata mimi."

"Na wewe ungejibu nini, Ta?"

Alifikiri. "Kahawa," alisema, akarudi kwenye bango lake.

Jumamosi nilifika saa tatu asubuhi. Mwalimu alikuwa amekaa kwenye dawati la mbele, mikono mapajani. Mpishi wa shule, Ma Jeneroza, alikuwemo pia, mwanamke mnene mwenye kanga kiunoni na kamba mkononi. Alikuja kupima magunia mangapi yatakaa ukutani. Nilimwamkia, akaitikia, akapima kuanzia mlangoni. Alipofika picha ya pili akasimama.

"Huyu aliyepiga magoti ni nani?"

"Ni kabaila mdogo," Mwalimu alisema. "Anakuwa mtu wa bwana wake."

"Kwa ajili ya ardhi?"

"Kwa ajili ya ardhi."

"Basi ninamjua," Ma Jeneroza alisema. "Babu yangu alikuwa mtwarwa, mlimaji wa chini ya bwana, kwenye nyarubanja. Kibanja alicholima kilikuwa cha mtwazi, bwana aliyepewa watu na ardhi yao na mkama, mfalme wetu. Kila msimu babu anapeleka mkungu mzuri kuliko yote, anapeleka na pombe ya ndizi, na siku za kazi anakwenda. Akichelewa, anaambiwa aondoke aache migomba imesimama. Migomba aliyoipanda mwenyewe." Alikunja kamba yake. "Lakini hapa umekosea, mwana wange. Kahawa hiyo angepewa mgeni. Huyu si mgeni. Huyu anaingia chini ya mtu."

Nilikuwa tayari nimefungua ndoo. Nikaiangalia picha, nikaangalia mikono minne. Swali lilelile nililolibeba hadi mlangoni mara mbili na kurudi nalo lilikuwa bado halijaulizwa. Niliona kwamba nikipaka nyeupe bila kuuliza, nitakuwa nimelikimbia mara ya tatu, na chumba cha mtu kitakuwa kimekwenda pamoja nalo.

"Mwalimu," nilisema. "Alimpa nini?"

Aligeuka kama vile dawati limesema.

"Katika mikono ile," niliendelea. "Kwenye fotokopi kuna doa. Alimpa nini?"

"Kwanza hakumpa kitu," alisema polepole. "Yule wa chini aliunganisha viganja vyake, bwana akavifunika kwa viganja vyake. Maana yake, mikono yako sasa iko ndani ya yangu. Baada ya kuapa ndipo anapewa kitu cha kuonyesha ardhi. Tawi, au fimbo. Mara nyingine bonge la udongo lenye nyasi."

"Udongo," Ma Jeneroza alisema. "Sawa. Hapo ni kweli."

Nilichukua msasa nikakwangua akaibo. Nikaweka nyeupe mahali pale tu, kiasi cha kiganja cha mkono. Ilipokauka nilichora viganja viwili vilivyounganishwa ndani ya vingine viwili, na chini, kwenye goti la bwana, bonge la udongo mweusi na nyasi tatu. Kulichora bonge ilikuwa rahisi. Nilitoka nje nikalichimba moja kwenye mibuni, nikaliweka dirishani nikalitazama.

Mkuu wa shule alikuja saa sita na funguo za stoo. Alikuta ukuta haujapakwa, mimi niko juu ya ngazi, Mwalimu ameshika kopo la rangi nyeusi, na mpishi wake amekaa kwenye dawati la mwanafunzi.

"Nilisema nyeupe," alisema.

"Ndiyo, Mkuu," Mwalimu alisema. "Tumerekebisha kosa. Naomba uniachie mpaka mtihani wa mwisho wa mwaka."

"Adventina, nimekupa muda. Picha ni nzuri, sikatai. Lakini watoto wameziangalia miezi na hawakuelewa kitu."

"Walielewa kilichochorwa," Ma Jeneroza alisema kutoka dawatini. "Kilichochorwa ndicho kilikuwa kibaya."

Mkuu alimgeukia. Nadhani alitaka kutania, maana walikuwa wamezoeana. "Haya, Jeneroza. Wewe umeziangalia leo tu. Nieleze."

Ma Jeneroza hakuinuka. Alinyoosha kamba yake kama fimbo ya mwalimu.

"Yule anapiga magoti apewe ardhi. Akishapewa, yeye naye anakaa kwenye kiti, wengine wanampigia magoti. Hawa wa tatu hawana wa kumkalia, wanalima tu. Ni kama nyarubanja yetu, ila wao wana baridi, tazama nguo."

"Na mfalme?"

"Mfalme huyu wa mlangoni ni mdogo. Hana watu wake, anategemea wenzake wamletee. Huyu wa nne ameshapata askari wa kwake, ameanza kunenepa. Huyu wa tano hawahitaji tena, ndiyo maana wale waliokuwa wanakaa naye sasa wanasubiri mlangoni kama mimi ninavyosubiri ofisini kwako unisainie mafuta ya kupikia."

Mkuu alitazama picha ya kwanza, akatembea hadi ya tano, akarudi. Sidhani kama kabla ya siku ile alikuwa ameona kwamba mfalme anakua.

"Nani aliwaza hii ya kimo?" aliuliza.

Mwalimu akanionyesha. Mkuu akasubiri niseme. Niliangalia brashi. Kisha, kwa kuwa siku ile nilikuwa nimeshauliza swali moja na sikufa, nikasema, "Mimi. Ili hata asiyesikia aone."

Alizungusha funguo kidoleni. "Mahindi yakae kwenye bwalo mpaka mwisho wa mwaka," alisema. "Jeneroza, wewe ndiye utakayeyalinda na panya, kwa kuwa umejifanya wakili."

Mwisho wa mwaka kidato cha pili walifaulu historia. Sikupewa orodha ya alama na sikuihitaji. Nilijua kwa sababu Mwalimu Adventina alinipigia simu, na nilisikia hatua zake zikienda na kurudi akiwa anaongea. Chumba kikawa chake. Mkuu alijenga stoo ya mabati nyuma ya jiko na kumwambia kila mgeni kwamba wazo la stoo lilikuwa lake.

Kuanzia hapo nilibadilisha namna yangu ya kufanya kazi, na hili ndilo ninalotaka Jovina na Karim wachukue kuliko uzi na miraba. Kila kazi nilianza kwa kutafuta madoa. Naangalia picha niliyopewa, naandika kwenye daftari kila mahali nisipojua kilichopo, kisha nakwenda kuuliza yote kwa siku moja, nikisoma kwenye daftari. Mtu mwenye haya akisoma haonekani ana haya, anaonekana makini. Niliuliza madaktari wapi damu inaingilia, niliuliza madereva gia ya nyuma iko wapi. Hakuna aliyenicheka, isipokuwa fundi mmoja wa pampu, na yeye alicheka baada ya kugundua kwamba jibu halijui.

Nilichora katika shule nyingi miaka sita iliyofuata. Wafalme walikuwa sehemu kubwa ya kazi, kwa sababu walimu wa historia waliambizana, kila mmoja akataka mfalme wake anayekua. Pua ya Ta Novatus iko kwenye kuta kuanzia Bukoba mjini hadi mwisho wa Muleba. Aliwahi kuniambia kwamba anapopita njiani watoto humwangalia mara mbili, na kwamba ameanza kutembea kwa heshima zaidi.

Mwaka huu, nilipowaambia watu naacha, Mwalimu Adventina, ambaye sasa ndiye makamu mkuu, alinipigia. Baada ya picha ya tano kuna kona tupu iliyobaki miaka yote hiyo. Alitaka nyarubanja iwekwe hapo, karibu na ukabaila wa Ulaya, wanafunzi walinganishe. Rangi ya maji tu, alisema, tina isiingie chumbani, na Karim na Jovina wapake maeneo makubwa. Ma Jeneroza ndiye angesema kilichokuwepo.

Nilikuja na daftari langu la madoa, maswali kumi na manne. Ma Jeneroza, ambaye siku hizi anapika akiwa amekaa, alijibu yote. Nyumba ilikuwa msonge, si ya bati. Mtwazi alikaa kwenye kigoda. Pombe ilibebwa kwenye kibuyu, na kibuyu kilifungwa kwa majani ya mgomba. Karim alipaka kijani, Jovina alichora mkungu, akachora mkubwa mno, akaambiwa na Ma Jeneroza kwamba babu yake asingekuwa maskini akiwa na mikungu kama hiyo. Nilimwachia huyo babu mwenyewe nafasi katikati. Nilipiga mstari wa mkaa, nikaanza na magoti.

"Hapana," Ma Jeneroza alisema.

Nikasimamisha mkono.

"Mchore amesimama."

Mwalimu Adventina alisema kwa upole, "Ma Jeneroza, wanafunzi wanatakiwa kuona mtwarwa alivyokuwa mbele ya mtwazi wake. Walipiga magoti. Hiyo ndiyo historia."

"Magoti watayaona pale," alisema, akaonyesha picha ya pili kwa kidole kilichojaa unga. "Yametosha kwa wote. Baada ya uhuru nyarubanja ilifutwa, na mimi nilimkuta babu akiwa mzee. Kila asubuhi alitoka nje akasimama katikati ya migomba yake, mikono nyuma. Halimi, haangalii kitu. Bibi anamwita chakula, haji. Nilikuwa mtoto, nilimuuliza anafanya nini. Akasema, 'Ninasimama.' Na hiyo nayo ni historia, au siyo?"

Mwalimu alitembea hadi dirishani na kurudi.

"Ni historia," alisema.

Nilifuta mkaa kwa tambara. Nikauliza alikuwa mrefu kiasi gani. Ma Jeneroza aliinuka, akaegemea ukuta, akapitisha mkono juu ya kichwa chake. Nikaweka alama hapo, na Jovina na Karim wakanivutia uzi, nikamchora amesimama wima, mikono nyuma, migomba pande zote. Alipokauka Ma Jeneroza alimtazama, akasema masikio yalikuwa makubwa zaidi. Nikayaongeza.